Urojo wa Jibini na Neno Lililovuka Mto

Anayeingia mkahawani katika jimbo la Texas akaagiza queso haletewi kipande cha jibini. Huletewa bakuli la urojo wa moto, wa rangi ya manjano au nyeupe, uliotapakaa chembe za pilipili na nyanya, na kando yake vipande vya tortilla, ile chapati nyembamba ya mahindi, vilivyokaangwa hadi vikakauka. Huchovya akala, akachovya tena. Katika Kihispania neno queso lina maana ya jibini tu, jibini yoyote iwayo, nalo asili yake ni Kilatini, caseus. Jina kamili la chakula ni chile con queso, pilipili kwa jibini. Katika jina hilo pilipili ndiyo bwana na jibini ni mfuasi wake. Watu wa Texas walipolifupisha walimwacha bwana njiani wakaenda zao na mfuasi, na hata hao wasiojua Kihispania chochote kingine hulitamka neno hilo moja bila ya kusita.

Msomaji wa Unguja asitazamie embe mbichi wala bajia wala kachori katika urojo unaozungumzwa hapa. Neno limetumika kwa maana yake ya asili, kitu kizito kilicho kati ya uji na mchuzi. Lakini kama ule wa Forodhani, huu nao ni chakula cha watu waliokutana pahala pamoja bila ya wote kuwa wamependa kukutana, na ndiyo maana historia yake haiishii chunguni. Kwa zaidi ya miaka 100 chakula hiki kimepita bila ya kizuizi katika mlango ambao lugha iliyokipa jina ilizuiwa kupita.

Pilipili ndiyo kongwe zaidi katika bakuli hilo. Watu wa nchi iitwayo leo Meksiko waliilima zaidi ya miaka 6000 iliyopita, na Waazteki waliiita chilli katika lugha yao ya Kinahuatl. Columbus alipofika visiwa vya Karibi mwaka 1492 alikuwa akitafuta njia ya kuendea Bara Hindi na pilipili yake nyeusi, na alipoonja tunda jekundu la wenyeji akaona amepata pilipili ya namna nyingine. Basi Wahispania wakalipa jina la pimiento, kutokana na pimienta, pilipili nyeusi ya biashara. Wareno wakalipakia majahazini, na katika karne ya 16 likaenea pwani zote walizotia nanga, ikiwemo hii ya Afrika Mashariki. Hapa nako kosa likawa lilelile. Pwani ilikuwa tayari na neno pilipili, ambalo shina lake ni pippali ya Kihindi cha kale iliyosafiri kupitia Uajemi na Uarabuni, na neno hilo lilikuwa la ile nyeusi. Mgeni mwekundu alipokuja akavishwa jina la mwenyeji, akalivaa likamkaa hasa, mpaka mwenyeji mwenyewe akalazimika kutafutiwa nisba na kuitwa pilipili manga, ya Uarabuni. Ni mara chache msamiati hukiri waziwazi kiasi hicho kwamba mgeni amechukua nyumba.

Maziwa, kwa upande wake, hayakuwako kabisa. Kabla ya Wahispania kufika, Meksiko haikuwa na ng'ombe wala mbuzi wala kondoo wa kukamwa. Walikuja na meli za karne ya 16, wakapelekwa kaskazini kwenye nyika kavu zinazofaa malisho kuliko kilimo, na huko, katika majimbo kama Chihuahua na Sonora, watu wakawa wafugaji na watengenezaji wa jibini. Chile con queso ya asili ni ya huko, na mpaka leo haifanani na urojo wa Texas. Pilipili ndefu za kijani huchomwa juu ya moto hadi ngozi ikawa nyeusi, zikamenywa, zikakatwa nyuzinyuzi, zikakaangwa kwa vitunguu na pengine nyanya, kisha jibini hutiwa juu ikayeyuka na kuvutika. Huliwa kwa kijiko au kwa tortilla laini. Hapo pilipili bado ni bwana. Mojawapo ya maandiko ya zamani ya Marekani yanayoeleza mapishi ya namna hiyo lilichapwa mwaka 1896 katika jarida la The Land of Sunshine la Los Angeles, chini ya jina la chiles verdes con queso, na ni pilipili zinazotangulia katika jina hilo pia.

Jibini inayosifiwa zaidi kwa kuyeyuka vizuri katika chakula hicho ina kisa chake, na kisa hicho ni cha lugha. Wamenno ni Wakristo wa madhehebu ya wapenda amani, wasemao Kijerumani cha kwao, ambao waliishi Kanada tangu karne ya 19. Mwaka 1916 serikali ya jimbo la Manitoba ilipitisha sheria iliyowalazimisha watoto kusomeshwa kwa Kiingereza katika shule za umma. Wamenno wa koloni kongwe walikataa. Walituma wajumbe Meksiko, na mwaka 1921 Rais Álvaro Obregón akawapa ahadi ya maandishi kwamba hawatalazimishwa kushika silaha na kwamba watasomesha watoto wao katika shule zao na kwa lugha yao. Mwaka 1922 treni zikawashusha maelfu katika bonde la Cuauhtémoc, Chihuahua, pamoja na mikokoteni na ng'ombe wao. Katika miaka iliyofuata wakaanza kutengeneza jibini nyeupe, laini, yenye kuyeyuka kwa urahisi. Wenyeji wa Chihuahua huiita queso menonita, jibini ya Wamenno. Wameksiko wa mbali huiita queso Chihuahua. Yaani sehemu ya utamu wa chakula hiki imetokana na watu waliohama nchi ili watoto wao wasinyang'anywe ulimi.

Upande wa pili wa Mto Rio Grande hali ilikuwa kinyume, kwani huko si watu waliohama bali mpaka. Texas ilikuwa sehemu ya Meksiko hadi ilipojitenga mwaka 1836. Ikaingizwa katika Marekani mwaka 1845. Na baada ya vita, mkataba wa Guadalupe Hidalgo wa mwaka 1848 ukaufanya mto kuwa mpaka. Familia zilizokuwa zikisema Kihispania kwa vizazi vingi zililala katika nchi moja zikaamka katika nyingine, na lugha yao ikawa ya wageni katika nyumba zao.

Chakula chao kilipendwa mapema. Katika mji wa San Antonio, tangu miaka ya 1880, wanawake wa Kimeksiko walitandaza meza usiku katika viwanja vya mji, wakawasha taa, wakauza nyama iliyopikwa kwa pilipili na vyakula vingine vya kwao. Magazeti yakawaita malkia wa pilipili, na wasafiri wakapanga safari ili wafike wawaone. Usimamizi wa mji haukuwa na hisia hizo. Waliondolewa uwanja mmoja wakaenda mwingine. Mwaka 1937 idara ya afya ikawabana kwa kanuni za usafi. Meya Maury Maverick akawarudisha mwaka 1939. Na miaka ya mwanzo ya 1940 wakatoweka kabisa. Katika miaka hiyohiyo, unga wa pilipili wa William Gebhardt, Mjerumani aliyeanza kuutengeneza New Braunfels miaka ya 1890, ulikuwa umekwisha kuwa biashara kubwa. Kilichokuwa uchafu mikononi mwa mama chini ya taa kilikuwa safi ndani ya chupa yenye nembo. Hakuna haja ya kuongeza chumvi katika jambo hilo. Lina chumvi ya kutosha.

Ili ieleweke kwa nini chile con queso ya nyuzinyuzi iligeuka urojo, hapana budi kueleza tabia ya jibini juu ya moto. Kila aliyejaribu kuiyeyusha ndani ya maziwa anaijua aibu yake. Mwanzo hulainika, kisha ghafla hukatika: mafuta yanaelea juu, na chini hubaki donge gumu kama mpira. Sababu ni kwamba jibini ni wavu wa protini, iitwayo kaseini, uliofungwa kwa kalisiamu na kushikilia matone ya mafuta. Joto likizidi wavu hujikaza ukayakamua mafuta yaliyomo. Jibini iliyokomaa sana, ndiyo yenye ladha kali, hukatika upesi zaidi kuliko changa.

Dawa ya tatizo hilo ilipatikana mbali sana na Texas. Katika mji wa Thun nchini Uswisi, mwaka 1911, Walter Gerber na Fritz Stettler walikuwa wakitafuta namna ya kuifanya jibini ya nchi yao istahimili safari za kwenda nchi za joto bila ya kuharibika. Waswisi tangu zamani walijua kuyeyusha jibini katika mvinyo mweupe na kuchovya mkate, na mvinyo una asidi zinazosaidia. Gerber na Stettler wakatia chumvi ya sitreti, jamaa ya ile asidi inayoyapa malimau ukali wake. Sitreti hufanya kazi kwa namna ya kupendeza: huing'oa kalisiamu katika wavu na kuweka sodiamu mahala pake, fundo zikalegea, kaseini ikaenea majini na kuyazunguka matone ya mafuta badala ya kuyatupa. Jibini ikayeyuka bila ya kukatika, na ikipoa ikaganda tena na kuyeyuka tena mara yoyote itakapohitajiwa. Si vibaya kukumbuka kwamba walichokuwa wakifikiria mabwana hao ni joto la nchi kama hizi za pwani, ingawa faida kubwa ya kazi yao iliangukia kwingine.

Nchini Marekani James L. Kraft, mzaliwa wa Kanada aliyekuwa akiuza jibini kwa gari la farasi mitaani Chicago, alipata hataza mwaka 1916 ya njia ya kuipasha jibini moto huku ikikorogwa ili ikae koponi siku nyingi. Vita Vikuu vya Kwanza vikampa mnunuzi asiyechagua, yaani jeshi. Viwanda vya Marekani baadaye vikaunganisha njia ya joto na chumvi za namna ile ya Thun. Mswisi mwingine, Emil Frey, aliyefanya kazi katika kiwanda cha Monroe, jimbo la New York, alipewa kazi ya kutafutia matumizi vipande vilivyovunjika, na mwaka 1918 akatoa bidhaa laini mno iliyoitwa Velveeta, jina lenye sauti ya mahameli. Kampuni ya jina hilo ikaundwa mwaka 1923, Kraft akainunua mwaka 1927. Ni bidhaa ambayo hata nasaba yake imezusha mabishano. Mwaka 2002 mamlaka ya chakula na dawa ya Marekani iliiandikia kampuni kwamba, kutokana na viungo vilivyotumika, haikustahili aina ya jina iliyoandikwa kwenye boksi lake, na maandishi yakabadilishwa.

Kilichobaki ni pilipili, na hiyo nayo ikaingia koponi. Katika mji mdogo wa Elsa, bonde la Rio Grande, Carl Roettele alianza mwaka 1943 kusindika nyanya pamoja na pilipili za kijani. Alijua kwamba wateja wasingeweza kulitamka jina lake, akalikata likawa Ro-Tel. Kuanzia hapo mapishi ya nyumbani ya Texas yakawa mafupi kuliko ubeti: kipande cha Velveeta, kopo la Ro-Tel, sufuria, moto mdogo. Urojo haukukatika asilani, kwa kuwa chumvi za kiwandani zilikwisha kufanya kazi kabla ya mpishi kuwasha jiko. Ukapikwa kwa ajili ya sherehe, mechi za mpira na matanga, katika nyumba za watu ambao mababu zao walipigana na Meksiko.

Sasa yafaa kutazama shule za jimbo hilohilo. Mwaka 1918 Texas ilitunga sheria iliyofanya kuwa kosa la jinai kufundisha katika shule ya umma kwa lugha isiyokuwa Kiingereza, isipokuwa somo la lugha ya kigeni lenyewe katika madarasa ya juu. Sheria ilimlenga mwalimu. Desturi ikamlenga mtoto. Katika shule nyingi mtoto aliyesikika akisema Kihispania uwanjani aliwekwa kizuizini baada ya masomo, akatozwa senti, au akapigwa. Lyndon Johnson, kabla ya kuwa mwanasiasa, alifundisha mwaka 1928 katika shule ya watoto wa Kimeksiko mjini Cotulla, naye pia aliwataka waseme Kiingereza tu. Watoto wengi walirudia darasa la kwanza mara mbili au tatu, si kwa ujinga bali kwa kutoelewa kinachosemwa, kisha wakaacha shule wakaenda mashambani kuvuna.

Kwa hiyo ilikuwako miaka, na haikuwa michache, ambapo mtu mzima asiyejua Kihispania aliagiza chile con queso kwa sauti mkahawani mchana na akasifiwa kwa kupenda vya kienyeji, ilhali mtoto wa mpishi alitamka maneno hayohayo uwanjani mwa shule asubuhi ile na akaadhibiwa.

Mtu mmoja alisimama katika pande zote mbili za jambo hili, naye ni Felix Tijerina wa Houston. Aliingia mjini akiwa kijana asiye na elimu ya maana, akafanya kazi ya kuondoa vyombo mezani katika mkahawa mmoja wa chakula cha Kimeksiko uliomilikiwa na Mwingereza-Mmarekani, na Kiingereza akajifunza humohumo kwa kuhudumia wateja. Mkahawa wake wa kwanza ulianguka wakati wa mdororo wa uchumi. Mwaka 1937 akafungua mwingine, Felix Mexican Restaurant, ukazaa matawi, na tawi la barabara ya Westheimer likawa maarufu kwa chile con queso yenye rangi ya machungwa na mafuta yaliyokuwa yakielea juu yake. Mpishi wa leo angesema urojo ule umekatika. Watu wa Houston waliulia hivyo kwa miongo, na walio wengi hawakutaka mwingine.

Hata mahali alipozaliwa Tijerina palikuwa suala la mpaka. Serikali ilimshuku kuwa si raia, na mwaka 1956 mahakama ya shirikisho ikakubali kwamba alizaliwa Sugar Land, Texas. Mwandishi wa wasifu wake baadaye alipekua rekodi akaona kwamba alizaliwa upande wa pili, General Escobedo, Nuevo León, mwaka 1905. Mwaka huohuo wa 1956 alichaguliwa kuwa rais wa taifa wa LULAC, jumuiya ya raia wenye asili ya Kilatini iliyoasisiwa Corpus Christi mwaka 1929, akaiongoza hadi mwaka 1960.

Kazi aliyoitilia mkazo zaidi ilikuwa ya maneno. Alifikiri kwamba mtoto akiingia darasa la kwanza akiwa na maneno 400 ya Kiingereza, yaliyochaguliwa vizuri, hatapotea. Mwaka 1957, katika mji wa Ganado, shule ya kwanza ya namna hiyo ilianza kiangazi, mwalimu wake akiwa msichana wa miaka 17. Ikaitwa Shule Ndogo ya Mia Nne. Matokeo yakawavutia wabunge, na mwaka 1959 bunge la Texas likapitisha sheria ya kuzigharimia shule za mfano huo katika jimbo zima. Kabla ya hapo sehemu kubwa ya gharama ilitoka mfukoni mwa mwenye mkahawa, na mfuko huo ulijazwa, pamoja na mengine, na mabakuli ya urojo wa jibini.

Kizazi kilichofuata hakikumshukuru sana. Vijana wa miaka ya 1960 waliona kwamba shule ile ilikubali hoja ya wapinzani, kuwa Kihispania ni ulemavu wa kutibiwa, na kwamba mtoto alivushwa mto huku akiacha ulimi wake ukingoni. Lawama hiyo ina uzito. Lakini ni rahisi kuitoa kwa aliyekwisha kupata Kiingereza chake. Tijerina alikuwa na mtoto wa miaka sita mbele yake na sheria ya mwaka 1918 nyuma yake, na hakuwa na muda wa kungoja sheria ife. Yeye mwenyewe alifariki mwaka 1965. Johnson, ambaye sasa alikuwa rais, alitia saini sheria ya elimu ya lugha mbili tarehe 2 Januari 1968, na mwaka 1969 Texas ikaifuta sheria yake ya mwaka 1918. Wakati huo neno queso lilikuwa limezoeleka meza zote za jimbo.

Chakula chenyewe kikapata mtihani mwingine, safari hii kutoka kwa waliopenda Meksiko. Mwaka 1972 Diana Kennedy, Mwingereza aliyeishi Meksiko miaka mingi na kuzunguka vijijini kukusanya mapishi, alitoa kitabu chake The Cuisines of Mexico, akatenga waziwazi mapishi ya Meksiko ya ndani na yale ya upande wa Marekani. Kitabu ni kizuri, na Meksiko ilimheshimu kwa haki. Athari yake Texas, hata hivyo, ilikuwa kwamba wapishi waliokuwa wakijiita wa Kimeksiko kwa vizazi vitatu waliambiwa kuwa wao si chochote ila Tex-Mex, jina la njia ya reli lililogeuzwa tusi. Bakuli la queso likawa ushahidi mkuu dhidi yao. Pilipili usiyoila yakuwashiani? Walioipika walikuwa wamekatwa na mpaka mwaka 1848, wakafukuzwa viwanjani, watoto wao wakapigwa kwa kusema lugha yao, kisha wakalaumiwa kwa kuwa jibini yao haifanani na ya Oaxaca.

Baadaye tusi likawa sifa, na wanaogombania sifa wakazidi. Arkansas inasema urojo huu ni wake, tangu mkahawa mmoja uliofunguliwa huko miaka ya 1930, na mwishoni mwa mwaka 2016 maseneta wa majimbo hayo mawili walishindanisha mabakuli yao mjini Washington, Arkansas ikashinda. Habari ya nachos ni ndugu wa karibu. Inasimuliwa kwamba Ignacio Anaya wa Piedras Negras, mwaka 1943, alijikuta na wateja wanawake kutoka ng'ambo ya mto na mpishi hayupo, akakata tortilla, akazikaanga, akatia jibini na pilipili, akaziita kwa jina lake la mkato, Nacho. Mwaka 1976 Frank Liberto alianza kuuza chakula hicho katika uwanja wa besiboli wa Arlington akiwa na urojo wa kopo usiohitaji jokofu wala mpishi. Huo ndio uliokwenda duniani kote, na ndio ulio dhaifu kuliko jamaa zake wote.

Anayetaka kuupika nyumbani hana haja ya boksi wala kopo la Texas, maana siri ya Thun imo ndani ya ndimu. Asidi ya ndimu ikikutana na bikaboneti, ule unga mweupe wa kuumulia, hutoa povu na kubaki sitreti ya sodiamu, chumvi ileile ya mwaka 1911. Bekingi pauda haifai hapa, kwani ina mengine ndani yake.

Kwa jibini ya gramu 200, aina ya chedda au nyingine inayoyeyuka, iliyoparwa, huchukuliwa maji ya ndimu kiasi cha mililita 60 katika sufuria, na kijiko cha chai kimoja kisichojaa cha bikaboneti hutiwa kidogo kidogo huku mpishi akikoroga. Povu litapanda, likitulia, asidi imekwisha kazi. Huongezwa maziwa ya kopo yasiyo na sukari, mililita 150 hivi, na kupashwa moto mdogo bila ya kuchemka. Kando, pilipili za kijani nne au tano zisizo kali sana zimekwisha kuchomwa juu ya makaa, zikafunikwa dakika 10 ili ngozi iachie, zikamenywa na kukatwakatwa. Pilipili moja kali huongezwa na anayeiweza. Kitunguu kimoja hulainishwa kwa siagi bila ya kugeuka rangi, nyanya moja iliyotolewa maji na mbegu hufuata, halafu pilipili. Jibini hutiwa katika maziwa ya moto kwa ngumi ndogo ndogo, na ngumi ya pili haiingii mpaka ya kwanza imepotea. Mwisho vyote hukutanishwa. Chumvi huonjwa mwishoni kabisa, maana jibini inayo yake na sitreti ina dalili ya chumvi pia.

Kama pilipili zitazidi jibini, kitakachopatikana kitakaribia cha Chihuahua. Jibini ikizidi, kitakaribia cha Houston. Tortilla zisipopatikana, chapati ya jana iliyokatwa pembetatu na kukaushwa ovenini huchovya vizuri, na mhogo wa kukaanga huchovya vizuri zaidi. Urojo ukipoa huganda. Kijiko kimoja cha maziwa na moto mdogo huurudisha.